Chungu Juu ya Tanuri

Mtu akitaka kurudi mahali alipokosea, njia ziko nyingi. Anaweza kuandika barua. Anaweza kutuma mtu mzima akamsemee. Anaweza hata kwenda mwenyewe, akabisha hodi, akasimama mlangoni na aibu yake kama mtu aliyeleta kuku aliyekufa. Bwana huyu hakuchagua hata moja. Yeye alinunua tiketi.

Tiketi yenyewe ilikuwa ya matembezi ya kula. Wageni hutembezwa kwa miguu asubuhi nzima katika vichochoro vya mji mkongwe, wakionjeshwa hiki hapa na kile pale, huku kiongozi akiwapa historia ya kila kizingiti. Bwana wetu alikuwa amevaa kofia pana ya kitalii aliyoinunua asubuhi hiyohiyo, karatasi ya bei bado inaning'inia nyuma ya shingo, na miwani ya jua ilhali mawingu yalikuwa mazito kama blanketi la jela. Alisimama uwanjani pamoja na wageni wengine, katika mtaa ambao hakuna jiwe lake asilowahi kulikanyaga akiwa na gunia la unga mgongoni.

Miaka ishirini na minne nyuma, watu wa mtaa huu walimwita Chapuchapu. Jina alipewa na fundi wake, mwoka mikate, kwa sababu alikuwa hawezi kusubiri: mkate haujaiva, yeye ameshaukata, mteja hajamaliza kuagiza, yeye ameshafunga. "Wewe," Fundi alikuwa akimwambia, "siku ya kufa kwako utafika kaburini kabla ya wachimbaji." Sasa alikuwa na miaka arobaini na sita, tumbo la heshima, na cheo cha msimamizi wa zamu katika kiwanda cha mikate cha mji mwingine, ambako mashine inakanda, mashine inaoka, mashine inaivika mikate nailoni, na binadamu kazi yake ni kuitazama mashine.

Alikuja na sentensi moja. Alikuwa ameibeba tangu kijana, na usiku uliopita aliifanyia mazoezi mbele ya kioo cha nyumba ya wageni: "Fundi, chachu niliiua mimi." Maneno manne tu. Ila aliona kwamba kwenda nayo mkavu peke yake hataweza. Akiwa ndani ya kundi itakuwa nafuu. Akipata moyo, atavua kofia na kusema. Moyo ukimkimbia, atatafuna mkate wake, atashukuru, na atatoka kama mgeni mwingine yeyote.

"Haya wapendwa wangu, sogeeni nisije nikapiga kelele kama muuza samaki!" Kiongozi alikuwa mwanamke mfupi mwenye sauti ndefu. Badala ya bendera alishika mwiko mkubwa uliofungwa utepe mwekundu, na mjini hakuna aliyemwita ila Dada Mwiko. "Sheria ni mbili. Moja, ukipotea, tafuta mwiko. Mbili, usishibe kituo cha kwanza. Wapo waliofanya hivyo, tukawarudisha kwa mkokoteni."

Walikuwa watano tu. Bwana harusi na bibi harusi wa wiki mbili, ambao walikuwa wameshikana mikono kana kwamba mmoja angeibwa. Mwalimu mmoja mstaafu, mama mwenye daftari, aliyezoea kusahihisha dunia kwa wino mwekundu. Kijana wa benki aliyepiga picha kila kitu, hata kopo la taka. Na Chapuchapu.

Kituo cha kwanza kilikuwa supu ya mifupa, katika chumba chembamba ambacho mtu wa pili lazima atoke ili wa kwanza aingie. Dada Mwiko alieleza kwamba sufuria ile haijawahi kuoshwa tangu enzi za babu.

"Haijawahi kuoshwa?" Mwalimu aliacha kijiko njiani. "Na hilo ni jambo la kujivunia?"

"Mwalimu, ninatia chumvi. Supu yenyewe walisahau kuitia, ikabidi niitie mimi."

Watu wakacheka. Chapuchapu naye akacheka, lakini nusu. Chumba hiki alikijua kilipokuwa cha kinyozi. Pale penye benchi la supu palikuwa na kiti cha kuzunguka, na juu ya rafu, penye chupa za pilipili, palikuwa na redio.

Ile redio ndiyo iliyommaliza.

Ilikuwa hivi. Mikate ya Fundi ilipanda kwa chachu ya zamani, si kwa hamira ya paketi. Ilikaa katika chungu cha udongo chenye mfuniko wa mbao. Kila asubuhi ulichota sehemu ya kuchachusha unga wa siku, na kilichobaki ukakilisha unga mbichi na maji ya uvuguvugu. Ilianzia kwa mama yake Fundi, na mama alipewa na mama yake. Fundi aliiita "Bibi". Asubuhi swali lake la kwanza halikuwa "umeamkaje," bali "Bibi ameamkaje?" Na Chapuchapu ndiye aliyeachiwa kuilisha siku Fundi aliposafiri kwenda kumzika kaka yake.

Siku tatu tu. Siku ya pili kulikuwa na baridi kali, na Bibi akawa mzito, amelala chini kabisa ndani ya chungu bila hata povu moja. Mtu mwingine angemsubiri. Chapuchapu alikuwa na mechi. Ilikuwa inatangazwa mchana ule kwenye redio ya kinyozi, na mtaa mzima ulikuwa umeshajazana mlangoni. Basi akachukua chungu, akakiweka juu ya tanuri, pale kwenye matofali ya moto, apate joto la dakika kumi. Halafu akaenda kusikiliza kidogo tu.

Mechi hazina kidogo tu. Kulikuwa na kipindi cha pili, kukawa na muda wa nyongeza, kukawa na kubishana baada ya mechi. Aliporudi, chungu hakikushikika kwa mkono mtupu. Ndani, Bibi alikuwa amekuwa uji, na harufu yake ilikuwa ya uji. Vizazi vitatu, akavipika mara moja.

Alifanya nini? Chapuchapu alifanya chapuchapu. Alikimbilia dukani akanunua paketi ya hamira, akachanganya na unga, maji na kijiko cha sukari, akamimina ndani ya chungu kilekile. Povu likapanda kwa fujo, kubwa, jeupe, la kijinga. Fundi aliporudi, alifunua mfuniko, akainama, akanusa. Akabaki ameinama. Kisha akafunika. "Sawa," alisema, akaenda kuvaa aproni.

Wiki tatu baadaye Chapuchapu aliaga kwamba mjomba wake amemtafutia kazi kiwandani. Mjomba hakuwepo. Kiwanda alikitafuta mwenyewe, akakipata mbali kadiri alivyoweza.

"Mjomba mwenye kofia!" Dada Mwiko alimtikisia mwiko usoni. "Supu haitazamwi, inanywewa. Au unaiombea?"

"Naisalimia," Chapuchapu alijibu, na wenzake wakacheka. Ulimi wake haukuwahi kuwa mzito kwa mzaha. Ulikuwa mzito kwa maneno manne tu.

Kituo cha pili walionja njugu za kukaanga na matunda makavu. Bwana harusi alimlisha bibi harusi, bibi harusi akamng'ata kidole, Mwalimu akatazama pembeni kwa adabu lakini akayaandika. Ndipo Dada Mwiko alipoinua mwiko wake juu kabisa.

"Sasa wapendwa, tunakwenda kwa malkia. Tanuri la mkate. Ndani ya nyumba ile mna chachu yenye umri wa miaka zaidi ya mia, haijawahi kufa hata siku moja! Imepita njaa, imepita mafuriko, imepita mimi nilipoachika mara mbili. Yenyewe ipo tu."

Njugu ikamkwama Chapuchapu kooni. Alikohoa mpaka miwani ikaanguka. Kijana wa benki akampiga mgongoni kwa mkono mmoja, mkono wa pili bado unapiga picha.

"Haijawahi kufa," Mwalimu alirudia, kalamu juu. "Nani alikuwa anaihesabia siku?"

"Ukifika utawauliza wenyewe, Mwalimu. Mimi ni wa kutembeza, wao ni wa kuoka."

Njiani Chapuchapu alipiga hesabu ambayo alikuwa ameipiga mara nyingi. Fundi alikuwa na miaka hamsini na minane wakati ule. Basi sasa ana themanini na miwili. Si mingi, alijiambia. Watu wa tanuri hukauka kama maandazi ya juzi, hawafi ovyo. Angeweza kumwuliza Dada Mwiko kama mzee yupo. Hakumwuliza. Miaka miwili nyuma basi lilimpitisha mji huu, likasimama nusu saa kituoni. Alikaa kwenye kiti chake akila mkate wa kiwanda chake mwenyewe, akaona kwamba nusu saa ni fupi mno, ataonekana ana haraka.

Mlango ulikuwa uleule wa buluu, umepakwa rangi upya juu ya rangi ya zamani. Kizingiti kilikuwa kimelika katikati. Ndani, joto lilimshika usoni kama mkono wa mtu anayekufahamu. Meza ya kukandia ilikuwa pale pale, na lile beleshi refu la mbao la kuingizia mikate lilikuwa limeegemea ukuta. Karibu na mlango palikuwa na vigingi viwili. Kimoja kilitundikwa aproni. Cha pili kilikuwa kitupu, na kilikuwa cheupe kwa unga wa miaka kana kwamba hakuna aliyekigusa.

Nyuma ya meza alikuwa mwanamke wa miaka thelathini na kitu, mikono minene ya kazi, kitambaa kichwani. Chapuchapu alimjua kwa kidevu tu. Ni binti wa Fundi. Alimwacha na miaka kumi na minne, akikaa kwenye droo ya chenji na kumtania huku wateja wakisikia: "Kaka Chapuchapu, shati umelivaa nyuma mbele!" Na kweli alikuwa amelivaa hivyo.

Alimtafuta mzee kwa macho. Kwenye kiti cha pembeni hapakuwa na mtu. Pengine amelala, alijiambia. Wazee hulala asubuhi.

Binti aliwagawia kila mtu mkate mdogo wa moto. Wageni wakavunja, mvuke ukawatoka mikononi, bibi harusi akafumba macho. Chapuchapu naye akaupokea wake, na hapo mikono yake ikamsaliti. Mkono una kumbukumbu yake, haumwombi mwenyewe ruhusa. Aliugeuza mkate kichwa chini, akaugonga kitakoni kwa kifundo cha kidole cha kati mara mbili, akauzungusha, akagonga mara moja tena, akauweka sikioni kama anayepokea simu.

Hakuna mwoka mikate mwingine aliyegonga hivyo. Mbili, zungusha, moja. Ilikuwa ya Fundi, na Fundi aliwafundisha watu wawili tu duniani.

Binti aliacha kufuta meza. Alimtazama, akaitazama kofia, akaendelea kufuta mahali palepale palipokwisha kutakata.

"Sasa dada yetu," Mwalimu alianza, daftari wazi, "tumeambiwa chachu hii haijawahi kufa. Ni kweli?"

Dada Mwiko akatabasamu akisubiri jibu la siku zote. Binti akaweka kitambaa chini.

"Ilikufa mara moja."

"Heh!" Mwiko ukashuka. "Dada, miaka mitano nakuletea wageni, hilo hukuwahi kusema."

"Hukuwahi kuleta wa kuniuliza."

"Ilikufaje?" Mwalimu alikuwa tayari anaandika.

"Iliachwa juu ya tanuri."

"Na nani?"

Mlango ulikuwa wazi hivyo. Kama kuna siku mtu amewahi kufunguliwa njia, akafagiliwa na kutandikiwa, ni siku ile. Binti alimwangalia Chapuchapu moja kwa moja. Maneno manne yalikuwa yamejipanga nyuma ya meno yake kama wateja wa asubuhi. Na Chapuchapu, aliyewahi kila kitu maishani, akapeleka kipande cha mkate mdomoni na kutafuna.

Binti akasubiri kidogo. "Na mtu aliyekuwa na haraka," alisema mwishowe, akageuka kuchochea moto.

Kundi likaaga, likatoka, likapinda kona kuelekea kituo cha mwisho. Chapuchapu alipinda nalo. Alifika hadi kwenye duka la viatu, akasimama mbele ya kioo chake. Akamwona ndani ya kioo mzee mmoja mwenye makombo kidevuni na kofia ya kitalii kichwani. Akageuka. Alirudi mbio, tumbo likimtangulia, akaingia bila hodi.

"Niliiua mimi," alisema akihema. "Chachu. Niliiweka juu ya tanuri nikaenda kusikiliza mechi. Nikadanganya kwa hamira. Nimekuja kumwambia Fundi."

"Kaka Chapuchapu," binti alisema taratibu. "Kofia yako bado ina bei."

Akavuta kigoda, akamsukumia kwa mguu, jinsi baba yake alivyokuwa akifanya. Chapuchapu hakukaa.

"Mzee yuko wapi?"

"Ana miezi kumi na moja chini ya ardhi."

Tanuri lilinguruma peke yake. Chapuchapu alivua kofia, akakosa pa kuiweka.

"Alijua," binti alisema. "Usifikiri alikufa hajui. Alijua siku ileile aliyorudi, kwa pua. Aliniambia, 'Mwanangu, Bibi amekufa, na aliyelala ndani ya chungu hiki simjui.' Kesho yake alinituma kwa mama mdogo, mtaa wa juu. Mama mdogo alipoolewa alipewa kipande cha chachu hii, na alikuwa akikilisha miaka yote. Nilikirudisha ndani ya bakuli, nimelifunika kwa kanga. Ulikuwa umesimama hapo hapo ulipo, unapepeta unga. Hata hukuniona."

"Kwa hiyo..."

"Kwa hiyo chachu ilipona siku ya tatu. Ulikuwa ukimkanda Bibi wa kweli wiki tatu nzima, huku ukitetemeka kama umeficha maiti."

Sasa akakaa. Kigoda kililia.

"Mbona hakuniambia?"

"Alikuwa anakusubiri wewe umwambie. Hukumbuki? Kila jioni mkifunga, alikuwa anakuuliza."

Alikumbuka. Fundi akining'iniza aproni kwenye kigingi, mgongo umemwelekea: "Haya, mwanangu. Una la kuniambia?" Na yeye kila jioni: "Hapana, Fundi, salama tu." Alidhani ni namna ya kuagana. Miaka yote hii alidhani ni namna ya kuagana.

"Alikuwa ameshachongesha ufunguo wa pili wa mlango," binti aliendelea, na sasa sauti yake haikuwa na mzaha. "Aliniambia, 'Akisema tu, nampa. Mtu wa kuachiwa tanuri anaruhusiwa kuunguza, haruhusiwi kuficha.' Ulipoaga, aliuweka kwenye droo ya chenji. Siku za mwanzo mlango ukilia alikuwa anageuka. Baadaye akaacha. Chachu, alisema, alikuwa na nyingine kwa mama mdogo. Wewe hakuwa na mwingine."

Chapuchapu alifungua mdomo. Ulimi wote ule, na hakikutoka hata kichekesho kimoja cha kumwokoa.

"Nisamehe, dada," alisema mwishowe.

"Mimi hukunikosea kitu. Nilikuwa nakaa kwenye chenji." Alifunua chungu, akakichungulia, akakifunika. "Msamaha wake ulikuwepo, kaka. Ulikaa hapa mezani kila jioni wiki tatu. Sasa mimi nikupe wa kwangu wa nini? Si ule."

"Basi nipe kipande. Nitakilisha. Naapa nitakilisha kila siku."

Binti alifikiri. Haikuwa hasira, ndiyo maana iliuma zaidi.

"Hapana," alisema. "Huyu anataka mtu wa kukaa."

Alimfungia mkate mmoja mkubwa kwenye karatasi, akamkabidhi kwa mikono miwili, kisha akarudi kwenye moto wake, kwa sababu mikate ya pili ilikuwa imeiva na mikate haisubiri watu wazima wamalize kulia.

Kundi alilikuta kwenye mkahawa wa mwisho, limezunguka meza ya shaba na vikombe vya kahawa. Dada Mwiko alikuwa amesimama mlangoni anahesabu vichwa.

"Mjomba! Nilikuwa napeleka habari polisi! Ulisahau kitu?"

"Ndiyo."

"Umekipata?" aliuliza Mwalimu.

Chapuchapu aliuweka mkate mezani, akakaa. Kahawa ilimiminwa mbele yake, hakuigusa.

"Dada Mwiko," alisema, "ile hadithi yako ya chachu uibadilishe. Usiseme haikufa. Sema ilikufa mara moja, na aliyeiua alikuwa anaitwa Chapuchapu."

"Nitamtolea wapi mtu huyo? Wageni watanidai ushahidi."

"Mimi hapa."

Akawasimulia. Alisimulia polepole, pengine kwa mara ya kwanza maishani, bila kuruka: baridi, chungu, redio ya kinyozi pale wanapouza supu, paketi ya hamira, mjomba asiyekuwepo. Alipofika kwenye swali la kila jioni alisimama, akakunja karatasi ya mkate, akaikunjua, kisha akaendelea. Kahawa ikapoa. Kijana wa benki aliweka simu mfukoni. Bibi harusi aliuachia mkono wa mumewe ili afute macho.

"Nikisema hivi wageni watacheka," Dada Mwiko alisema kwa upole. "Najijua. Nitatia chumvi, hasa kwenye mechi."

"Waache wacheke. Ila kwenye ufunguo usitie."

"Sitatia."

Mwalimu alikuwa ameandika ukurasa mzima. Alisoma kwa kunong'ona, akarekebisha neno moja, akafunga daftari.

Bwana harusi, kijana mwema asiyejua cha kumwambia mtu mzima katika hali ile, akatafuta swali jepesi la kumsaidia.

"Na ile mechi, mjomba," aliuliza. "Nani alishinda?"

Chapuchapu aliinua kichwa. Akafikiri. Akaiona redio, akamwona kinyozi ameshika mkasi hewani, akawasikia watu mlangoni wakipiga kelele, na yeye mmojawao, mikono juu, koo limemkauka. Alifikiri kwa muda mrefu, wote wakimsubiri.

"Hata sikumbuki," alisema.